UZI: Kutafuta mababu waliovushwa Atlantiki. Vitabu vya zamani na vipya vinasaidia wapi, vinapotosha wapi

#1 Makabrasha

Wakuu, habari za jioni.

Mtanzania yeyote aliyeoa au kuolewa kwenye familia ya Wamarekani weusi ameshakutana na swali hili mezani: "Wewe mwenzetu unatoka Afrika, ukituangalia unaona sisi ni watu wa wapi?" Mama mkwe wangu huniuliza kila Krismasi. Ukijibu kwa kukisia sura unamdanganya mtu mzima. Ukisema hujui, anadhani unaficha. Mimi nimeamua kusoma.

Uzi huu ni wa vitabu kuhusu watu waliovushwa bahari ya Atlantiki na vizazi vyao, vya zamani na vya sasa. Hoja yangu ni moja: kitabu cha zamani kisisomwe peke yake, na kipya vilevile. Cha zamani kina sauti ya mtu yaliyomkuta. Kipya kina madaftari ambayo mtu yule hakuwahi kuyaona, na mengi yaliandikwa na walewale waliomnunua. Ukivisoma pamoja vinagombana, na mara nyingi ni kwenye ugomvi huo ndipo jina la babu linapojitokeza.

Kwanza ukubwa wa jambo lenyewe. Kanzidata ya SlaveVoyages, iliyoanza kama CD mwaka 1999 na kuwekwa mtandaoni 2008, imekusanya safari zaidi ya 36,000 za meli za watumwa. Makadirio yake ni kwamba watu kama milioni 12.5 walipakiwa kutoka Afrika, na waliofika ng'ambo wakiwa hai ni kama milioni 10.7. Tofauti iliyobaki ilizama, ilitupwa au ilifia njiani. Ila kanzidata hiyo kwa sehemu kubwa inakupa jina la meli, nahodha, bandari na idadi. Majina ya watu wenyewe hayapo, kwa sababu waliokuwa wakiandika walikuwa wanahesabu shehena.

Sasa kwa upande wa Marekani kuna kitu watafiti wa nasaba wanakiita ukuta wa 1870. Sensa ya mwaka huo ndiyo ya kwanza kuwaandika watu weusi wote kwa majina yao. Kabla yake, 1850 na 1860, watumwa waliandikwa kwenye jedwali la pembeni: jina la bwana, halafu chini yake umri, jinsia na rangi. "Mwanamke, 34, mweusi. Mtoto wa kiume, 6, chotara." Basi. Kwa hiyo kilembwe anayerudi nyuma anakwenda vizuri, anakwenda vizuri, akifika 1870 anagonga ukuta.

Nitashusha kwa vipande. Wenye haraka mvumilie.

#2 Ngosha Mtoro

Nimekaa pale, mkuu. Shusha.

#3 Tabora Moja

Kabla hujaenda mbali: mimi nimekua na mkanda wa Kunta Kinte. Mtaani kwetu mtoto mkaidi alikuwa anaitwa Kunta. Kile kitabu si ndiyo mwanzo na mwisho wa haya mambo? Mtu katafuta ukoo wake mpaka Gambia na akaupata.

#4 Makabrasha

Tabora Moja umenirahisishia, nilikuwa nakwenda hukohuko.

Alex Haley alitoa kitabu chake cha Roots mwaka 1976, na Januari 1977 kikaonyeshwa kwenye televisheni ya Marekani kama tamthilia. Nchi ilisimama. Watu weusi walianza kumiminika kwenye hifadhi za nyaraka kuuliza habari za mababu zao, na mwaka huohuo 1977 kikaundwa chama cha historia na nasaba za Wamarekani wenye asili ya Afrika. Hilo halifutiki, na kwangu mimi ndilo kubwa kuliko kitabu chenyewe.

Kwenye ukweli wa ukoo ndipo penye shida. Haley aliandika kwamba Kunta Kinte alichukuliwa karibu na kijiji cha Juffure, akapakiwa kwenye meli ya Lord Ligonier, akashushwa Annapolis, Maryland, Septemba 1767, kisha akauzwa Virginia kwa familia ya Waller na kuitwa Toby. Meli ilikuwepo kweli na tarehe ni ya kweli. Lakini mwaka 1981 watu wawili waliobobea kwenye nasaba, Gary Mills na mkewe Elizabeth Shown Mills, walichapisha walichokikuta kwenye nyaraka za Virginia: mtumwa wa Waller aitwaye Toby anaonekana kwenye karatasi miaka kadhaa KABLA ya meli ile kufika. Tena alitoweka kwenye nyaraka kabla Kizzy, anayeandikwa kuwa binti yake, hajazaliwa. Mwaka huohuo mwanahistoria Donald Wright, aliyefanya utafiti Gambia, akaandika kwamba mzee wa Juffure aliyemsimulia Haley hakuwa bingwa wa masimulizi aliyerithishwa kazi hiyo, na kwamba watu walishajua mgeni anatafuta nini kabla hajakaa chini.

Na kabla ya hapo, mwaka 1978, Haley alishalipa dola 650,000 kumaliza kesi mahakamani na mwandishi mwingine, Harold Courlander, kuhusu vipande vya Roots vilivyotoka kwenye riwaya ya Courlander.

Haley mwenyewe alikiri kwamba amechanganya ukweli na ubunifu. Sasa mtu akikuambia "ukoo wangu nimeupata kama Haley", muulize ameona karatasi gani.

#5 Mwana Mkunguni

Kwa hiyo ni tapeli tu. Wamarekani wametulisha matango pori miaka yote.

#6 Dada wa Chumbageni

Mwana Mkunguni taratibu. Kwetu sisi ukiuliza nani alizaa nani unaambiwa na bibi, na hakuna karatasi. Je, bibi naye tapeli? Huyo Haley alikulia kwa bibi yake Tennessee akisikia habari za "yule Mwafrika". Hayo alisimuliwa kweli. Alipozidisha ni pale alipotaka kila kitu kishikane mpaka kijijini.

#7 Makabrasha

Dada umesema vizuri kunizidi. Familia ilikuwa na kumbukumbu ya kweli ya kuwa na babu aliyetoka Afrika. Shida ni pale kumbukumbu inapolazimishwa kuungana na meli fulani, tarehe fulani na kijiji fulani ili kitabu kipate mwisho mtamu. Wasimulizi wetu wa ukoo nao wana ugonjwa huo, ndiyo maana nusu ya koo za pwani zimetoka Shirazi. (Natania, msinipige.)

Kesi nyingine ya namna hii ni Olaudah Equiano. Kitabu chake kilitoka London 1789, na ni cha mtumwa aliyejinunua akawa huru. Anasimulia utoto wake kwenye nchi ya Waigbo, jinsi alivyoibwa pamoja na dada yake, na hofu yake ya kuona meli na watu weupe mara ya kwanza. Kwa miaka mingi hicho ndicho kilikuwa ushahidi mkubwa wa mtu aliyeivuka bahari akiwa tumboni mwa meli. Mwaka 1999 mtafiti Vincent Carretta akatoa makala akionyesha daftari la ubatizo la kanisa la St Margaret's, Westminster, Februari 1759, lililomwandika kuwa amezaliwa Carolina. Halafu orodha ya mabaharia wa safari ya kaskazini ya 1773 nayo inasema South Carolina. Wengine, mwanahistoria Paul Lovejoy akiwa mbele, wanashikilia kwamba alizaliwa Afrika kweli, na kwamba mtoto mtumwa hakuwa na sauti ya kusema karani aandike nini.

Mimi naegemea kwa Lovejoy, ila nakiri hoja ya upande wa pili ina karatasi mbili na ya kwetu ina maneno ya mtu mmoja. Kwa msomaji wa nasaba, somo la hapo ni la kiufundi: daftari la ubatizo halisemi mtu alizaliwa wapi, linasema karani aliambiwa nini siku hiyo.

#8 Ngosha Mtoro

Hapo kwenye karani nimekuelewa. Cheti changu cha kuzaliwa kina tarehe aliyoitunga mwalimu mkuu.

#9 Makabrasha

😂 Tuendelee. Sasa kitabu ninachokipenda kuliko vyote.

Mwaka 1860 tajiri wa Mobile, Alabama, Timothy Meaher, aliweka dau kwamba ataingiza watumwa kutoka Afrika chini ya pua ya serikali. Kuingiza watumwa Marekani kulishapigwa marufuku tangu 1808, na tangu 1820 adhabu yake ilikuwa kunyongwa. Nahodha William Foster akaondoka na merikebu ya Clotilda mpaka Ouidah, katika ufalme wa Dahomey (Benin ya leo), akarudi na watu wapatao 110. Wakashushwa usiku, merikebu ikachomwa moto mtoni ili kuficha kosa. Hakuna aliyenyongwa.

Mmoja wa mateka hao alikuwa kijana wa miaka kama 19, Oluale Kossola, ambaye Wamarekani walimwita Cudjo Lewis. Alikaa utumwani miaka mitano na kidogo mpaka vita ya wenyewe kwa wenyewe ya Marekani ikaisha. Yeye na wenzake walitaka kurudi kwao wakakosa nauli. Wakamuomba Meaher awape ardhi kama fidia, akakataa. Wakafanya vibarua, wakadunduliza, wakanunua viwanja, wakajenga kijiji chao wakakiita Africatown. Kipo mpaka leo.

Mwandishi mweusi wa Marekani, Zora Neale Hurston, alimfuata mzee huyu mwishoni mwa miaka ya 1920. Alimletea mapichi, alikaa naye kibarazani, siku nyingine mzee alikuwa hataki kuongea na mama wa watu anarudi zake. Alipomuuliza habari za maisha yake, mzee akaanza na babu yake! Alipotaka kumvuta aje kwake mwenyewe, mzee akamkemea: kwao huwezi kusema habari za mtoto kabla ya baba, wala za baba kabla ya babu. Wakuu, nilipofika hapo nilifunga kitabu nikacheka peke yangu. Nenda leo Kagera au Kilimanjaro umuulize mzee habari zake binafsi uone ataanzia wapi.

Siku ya kupigwa picha, mzee alivaa nguo zake nzuri akavua viatu. Alitaka aonekane kama yuko kwao.

Hurston alimaliza mswada mwaka 1931. Wachapishaji walitaka abadilishe Kiingereza cha mzee kiwe cha shule. Akakataa. Mswada ukakaa. Kossola alifariki 1935, Hurston mwenyewe akafariki 1960 akiwa maskini, na kitabu, Barracoon, kikachapishwa 2018. Sasa niambieni hicho ni cha zamani au kipya?

#10 Mama Kijacho wa Ilala

Nimelia hapo kwenye viatu jamani.

#11 Tabora Moja

Mkuu, kwa jinsi ulivyombana Haley, huyu Hurston umemuachia kirahisi. Nimewahi kusikia kwamba naye aliiba.

#12 Makabrasha

Ni kweli, na nilitaka mmoja wenu aulize. Mwaka 1927 Hurston alichapisha makala kuhusu Kossola kwenye jarida la historia ya watu weusi. Miaka ya 1970 ikabainika kwamba sehemu kubwa ya makala ile ilinyofolewa kutoka kwenye kitabu cha 1914 cha mwanamke mzungu wa Mobile, Emma Langdon Roche, ambaye naye aliwahoji manusura. Makala ile na kitabu cha baadaye ni vitu viwili tofauti: kwa ajili ya kitabu, Hurston alirudi Alabama akafanya kazi upya. Lakini asiyejua habari hiyo anaweza kuhesabu mashahidi watatu mahali ambapo wapo wawili.

Hapo ndipo vitabu vipya vinapoingia. Sylviane Diouf mwaka 2007 alitoa utafiti mzima wa watu wa Clotilda, alichambua sensa, mahakama, makanisa na hati za viwanja, akaonyesha Kossola alitoka eneo la Bantè. Kisha Hannah Durkin, mtafiti wa Uingereza, akaonyesha kwamba Kossola hakuwa wa mwisho kama tulivyoamini wote. Mwaka 2019 alimtoa mwanamke aitwaye Redoshi, aliyefariki 1937. Mwaka 2020 akamtoa Matilda McCrear, aliyeletwa akiwa mtoto mdogo na mama yake, akafariki Selma, Alabama, Januari 1940. Fikiria: 1940. Kuna wazee hai leo waliozaliwa kabla yake kufa.

Na merikebu yenyewe? Mei 2019 tume ya historia ya Alabama ilitangaza kwamba mabaki yaliyokutwa kwenye matope ya mto wa Mobile ni ya Clotilda. Kwa miaka 159 wapo waliokuwa wanawaambia watu wa Africatown kwamba wanasimulia hadithi.

Tabora Moja, tofauti yangu kati ya Haley na Kossola ni hiyo. Wote wawili walipimwa na karatasi. Mmoja alipwaya, mwingine alizidi kusimama.

#13 Mwana Mkunguni

Sawa, huyo alikuwa hai, akahojiwa. Mama mkwe wako je? Babu zake hawakuhojiwa na mtu. Hivi vitabu vinamsaidia nini?

#14 Makabrasha

Swali la haki kabisa. Inategemea babu zake waliangukia mikononi mwa nani. Nasema hivi kwa ukali: kadiri mwenye watumwa alivyokuwa mwandishi mzuri wa mahesabu, ndivyo vilembwe vya watumwa wake wanavyopata bahati.

Chukueni kesi ya mapadre Wajesuiti wa Maryland. Mwaka 1838 waliuza watu 272 kwa dola 115,000 kwenda mashamba ya Louisiana, na sehemu ya fedha hiyo ilikwenda kulipa madeni ya chuo chao, Georgetown. Kulikuwa na masharti kwamba familia zisitenganishwe na watu waendelee na dini yao, na mengi yakapuuzwa. Lakini wale ni mapadre. Waliandika. Hati ya mauzo ina majina na umri, na wa kwanza kabisa ni Isaac, miaka 65. Kuna orodha ya abiria wa meli iliyowapeleka kusini. Halafu Louisiana nako ni nchi ya Wakatoliki, kwa hiyo kuna ubatizo, ndoa na mazishi. Kamba haikukatika.

Mwandishi wa habari Rachel Swarns aliandika habari hiyo gazetini mwaka 2016, na watu waliokuwa wanaishi vijiji kama Maringouin bila kujua wakaanza kuona majina ya mababu zao. Mwaka 2017 chuo kiliomba radhi na jengo moja likaitwa Isaac Hawkins. Kitabu cha Swarns, The 272, kilitoka 2023. Kifuateni jinsi anavyofuata familia moja, ya kina Mahoney, kuanzia karne ya 17. Ni darasa.

Kwa ambao babu zao hawakumilikiwa na mapadre, ukuta wa 1870 unatobolewa kwa vitu vya namna hii:

Kumbukumbu za Freedmen's Bureau, ofisi ya serikali iliyohudumia walioachiwa huru kuanzia 1865 mpaka 1872. Mikataba ya kazi, ndoa, malalamiko, mgao wa chakula. Majina yake yamefanyiwa faharasa na yapo bure kwenye tovuti ya FamilySearch.

Benki ya Freedman's, iliyoanzishwa 1865 ikafilisika 1874 na akiba za watu. Uchungu, lakini fomu za kufungulia akaunti zilimuuliza mteja alizaliwa wapi, wazazi ni nani, ndugu wako wapi, na mara nyingine bwana wake wa zamani nani. Benki imekufa, fomu zimebaki.

Wosia na mirathi za wenye mashamba. Hapa lazima uwe na moyo, maana bibi yako utamkuta kati ya ng'ombe na vitanda, pembeni kaandikiwa bei.

Na mahojiano ya 1936 mpaka 1938, serikali ilipotuma watu kuwahoji waliowahi kuwa watumwa. Yapo zaidi ya 2,300 kwenye maktaba ya bunge la Marekani, yanasomeka bure. Tahadhari: waliohoji wengi walikuwa wazungu wa mitaa ileile, na mzee mweusi wa Mississippi wa 1937 hakuwa mjinga wa kumwambia kila kitu mjukuu wa bwana wake.

#15 Dada wa Chumbageni

Hapo mwisho ndipo penye akili. Mtu anasoma "bwana wangu alikuwa mwema" anadhani ni ushahidi. Huo ni ushahidi wa aliyekuwa amekaa kwenye kiti cha pili.

#16 Binti Kilwa

Samahani wakuu, mimi mgeni humu. Mbona hadithi zote ni Afrika Magharibi? Sisi tulifundishwa shuleni kwamba watumwa wa huku walikwenda Uarabuni, Hindi na visiwani. Je, kuna wa kwetu waliofika Marekani?

#17 Makabrasha

Karibu sana Binti Kilwa, na jina lako limekuja mahali pake.

Septemba 1776 Mfaransa aitwaye Morice alifunga mkataba na Sultani Hassan bin Ibrahim wa Kilwa: apewe watu 1,000 kila mwaka kwa piastre (sarafu za fedha) 20 kila mmoja, na sultani apate zawadi ya piastre mbili kwa kila kichwa. Muda wa mkataba? Miaka mia moja! Haukutimia, lakini karatasi ipo, na mwanahistoria Freeman-Grenville alizichapisha nyaraka hizo mwaka 1965. Mateka wengi wa biashara hiyo walikwenda visiwa vya Wafaransa, Mauritius na Réunion. Ila miaka ya 1780 baadhi ya meli za Kifaransa zilizunguka Rasi ya Tumaini Jema na mateka wa pwani ya mashariki mpaka Saint-Domingue, yaani Haiti. Matangazo ya watumwa waliotoroka kwenye magazeti ya kule yanataja watu wa taifa la "Mozambique".

Kundi kubwa zaidi lilitoka Msumbiji kwenda Brazil: Kisiwa cha Msumbiji, Quelimane, Inhambane. Uingereza na Ureno walipokubaliana 1815 na 1817 kwamba biashara ikome kaskazini mwa ikweta, wafanyabiashara wa Brazil hawakuacha, wakageukia kusini na kuzunguka mpaka huku. Kwa jumla kanzidata inakadiria zaidi ya watu 500,000 walipakiwa kutoka kusini-mashariki mwa Afrika kuvuka Atlantiki. Wamakua, Wayao na wengine wa bara. Rio waliitwa Moçambique, Cuba kukawa na Macuá. Kwenye sherehe za congado za Minas Gerais, Brazil, mpaka leo kuna kikundi kinachoitwa Moçambique.

Kuna pia meli ya São José, ya Kireno. Desemba 1794 ilikuwa inatoka Msumbiji kwenda Brazil na mateka zaidi ya 500, ikapasuka kwenye miamba karibu na Cape Town. Zaidi ya 200 walikufa maji, na waliookoka wakauzwa palepale Rasi. Taarifa ya nahodha ilikutwa kwenye nyaraka za Cape Town, vyuma vya kutulizia meli vikakutwa chini ya bahari, na mwaka 2015 ikatangazwa kwamba ndiyo yenyewe. Wazee wa Kimakua walitoa udongo wa Msumbiji, ukaenda kumwagwa pale ilipozama.

#18 Binti Kilwa

Subhanallah. Sultani wetu mwenyewe na kalamu yake.

#19 Mwana Mkunguni

Ndiyo maana nasema siku zote hawa Waarabu

#20 Makabrasha

Mwana Mkunguni, simama hapohapo. Kwenye mkataba ule kuna Mfaransa mnunuzi, sultani anayejiita Mshirazi, na wauzaji wa bara ambao ni mababu zako na zangu. Dahomey waliomkamata Kossola hawakuwa Waarabu wala wazungu. Mzee yule alilisema hilo bila kulificha, na ni sababu mojawapo inayokifanya kitabu chake kiwe kigumu kusomeka kwa watu wengi weusi wa Marekani. Mwandishi Alice Walker ameandika hivyo kwenye utangulizi wa Barracoon.

#21 Msomaji wa Songea

Swali la kiufundi. Kama kuna Myao au Mmakua aliyepelekwa Brazil, kilembwe chake anaweza kupata jina la babu? Na DNA je?

#22 Makabrasha

Brazil ni ngumu. Utumwa ulifutwa Mei 1888, na Desemba 1890 waziri wa fedha, Rui Barbosa, aliamuru karatasi za utumwa za hazina zichomwe, ili wenye watumwa wa zamani wasidai fidia. Sio zote ziliteketea, na madaftari ya kanisa yapo, lakini humo utakuta "João, Moçambique". Jina alilopewa na bandari aliyopakiwa.

Penye majina ya kweli ni mahali pengine: orodha za meli za watumwa zilizokamatwa karne ya 19, watu wakashushwa Sierra Leone na Havana. Karani alikuwa anauliza jina la mtu, anaandika anavyosikia. Mradi wa African Origins umekusanya majina zaidi ya 91,000 ya namna hiyo, na ulikaribisha wenye lugha zao wasome majina na kuyatambua. Songea, wewe mwenye Kingoni na Kiyao unaweza kufanya kazi ambayo profesa wa kule Marekani haiwezi.

DNA inakupa eneo na ndugu wa mbali, haikupi jina. Tena majibu yanategemea ni akina nani wameshapima. Watu wa kusini mwa Tanzania na kaskazini mwa Msumbiji waliopima ni wachache, kwa hiyo kilembwe wa Bahia, Brazil, mwenye asili ya Kimakua anaweza kuandikiwa eneo pana kupita kiasi. Itumie pamoja na karatasi.

#23 Ngosha Mtoro

Mkuu kwa Kiswahili hakuna kitu?

#24 Dada wa Chumbageni

Naomba nijibu mimi. Kuna Uhuru wa Watumwa cha James Mbotela, 1934. Baba yake alikuwa Myao, alitekwa akiwa kijana, jahazi likakamatwa na Waingereza, wakaishia Frere Town, Mombasa. Si habari ya Atlantiki, lakini ni mtoto anaandika safari ya baba yake kwa Kiswahili. Kisomeni kwa jicho hilohilo la Makabrasha: Mbotela amelelewa misheni, kwa hiyo Waingereza humo wanang'aa kuliko walivyokuwa. Kilichapishwa na wamisheni, mlitaka aseme nini?

#25 Makabrasha

Dada, hicho kinahitaji uzi wake, na ukiufungua wewe nitakuja kama msomaji.

Aliyeniuliza PM aanze na kipi: anza na Barracoon, ni kifupi. Halafu Diouf, umsome ukiwa bado unakumbuka sauti ya mzee. Equiano na mahojiano ya 1936 yapo bure mtandaoni. Roots kiache mwishoni, utakifurahia zaidi ukishajua ni riwaya.

#26 Mama Kijacho wa Ilala

Na mama mkwe umemjibu nini?

#27 Makabrasha

Tumefika 1870, parish (wilaya) ya kwao Louisiana. Bibi wa bibi yake yupo, miaka 40, mfua nguo, ana watoto watano. Kwenye jedwali la 1860 kuna mwanamke wa miaka 30 kwa bwana mwenye jina la ukoo hilohilo. Nimemwambia inaweza kuwa yeye na inaweza isiwe yeye, mpaka tuone mirathi ya huyo bwana. Ameshaandika barua mahakamani kuomba nakala. Habari ya kabila tumeiweka pembeni kwanza, sasa hivi anachotaka kujua ni majina ya wale watoto watano.